Vumbi Ndani ya Mashua

Ngumi, 11 Juni 1992

Kwako Tima binti Shee, ndugu yangu wa tumbo moja, kambini Mombasa.

Salamu zangu zikufikie wewe, na Rukia mke wa mwanangu, na wote mnaolala chini ya turubali moja. Mimi mzima. Goti la kushoto linalalamika lakini silisikilizi. Bi Saada jirani anakusalimu. Naye kakataa kuondoka, anasema akiondoka nani atanipikia, na mimi nasema nikiondoka nani atamzika, basi tunaishi hivyo hivyo. Mbuzi wako wamechukuliwa na wenye bunduki, wote, hata yule kilema. Msikiti upo. Mlango wake haupo.

Barua hii naiandika kwa mkono wangu, usiseme nimeandikiwa. Ule mwaka wa kampeni, walipokuja vijana wa mjini kutusomesha herufi, wenzangu walikimbilia baharini, mimi nikakaa, na mwalimu akasema kichwa kama changu hajakiona kutoka Kismayo mpaka Ras Kiamboni. Kwa hivyo barua yako nimeisoma mwenyewe, na nilipomaliza nikaisoma tena.

Umeniandikia hivi: Abdulrazaq alishikwa na homa tulipopita Burgao, akafa mashuani, tukamtayamamisha, tukamsalia, tukamtosa baharini.

Tima, unajua unamwandikia nani? Mimi ni Bakri Shee. Wanaume wa kisiwa hiki cha Ngumi waliokufa tangu baba alipokufa nimewakosha mimi kabla ya kuvikwa sanda. Wa kisiwa cha Darakasi walikuwa wakinifuata kwa mashua. Yuko sharifu mmoja wa Kismayo aliusia kwamba akifa asiguswe na mkono wa mtu ila wangu, na sikumtoza kitu, nilikula tu pale siku saba. Nimemkosha wa ndui, nimemkosha aliyerudishwa na papa nusu. Sasa wewe unaniambia mimi tayamamu.

Nakukumbusha kwa sababu umesahau. Kukosha ni maji. Tayamamu ni vumbi, unampaka maiti usoni na mikononi, na ni pale maji yalipokosekana au pale maji yatakapomharibu. Maji ya bahari yana chumvi lakini ni twahara na yanatwaharisha, mtoto wa chuo cha Kurani anajua hilo. Mlizungukwa na bahari pande zote mkakosa maji? Na maiti wa homa mwili wake mzima, maji hayamfanyi neno. Anayetayamamishwa ni yule ambaye ukimmwagia maji nyama itatoka, kama aliyeungua. Mashuani aliungua nani? Na hilo vumbi mlilitoa wapi ndani ya mashua? Mlibeba mchanga wa kwetu mkijua atakufa?

Sikulaumu. Nauliza tu. Maana siku hizi mtu akitaka kupotea anaanza kwa kufa, halafu unasikia yuko Ulaya ana jina jipya na koti.

Matanga sikuweka. Bi Saada kaniletea kahawa ya msiba, nikamwambia rudi nayo.

Nijibu upesi. Mpe barua Mohdhar nahodha, usimpe mwingine. Na Mohdhar mwenyewe namtilia jicho. Aliponipa barua yako alikuwa akiangalia kuku.

Nduguyo Bakri Shee, mkoshaji.


Mombasa, 9 Julai 1992

Kaka yangu Bakri,

Tumepata barua yako na tumefurahi kuona mkono wako, ingawa herufi zako zinapanda mlima. Sisi wazima kwa uwezo wake Mola. Maji hapa ni ya bomba moja, wanawake wanapanga ndoo tangu alfajiri na kila siku kuna wawili wanaovutana nywele. Chakula ni mahindi. Samaki tunamwona sokoni, tunamsalimu tunapita.

Rukia yuko edani. Tumemtengea pembe ya hema kwa kanga mbili. Hasemi sana. Anauliza habari za goti lako.

Kaka, homa ilikuwa homa. Mimi nilikuwa nyuma na wanawake, natapika, sikuona kila kitu. Pengine hawakumtayamamisha. Pengine walimkosha kwa maji ya bahari kama unavyosema, nami nimeandika neno silo. Maneno ya twahara ni mengi na wewe ndiye bingwa wake, mimi najua kuosha vyombo na watoto. Aliyefanya kazi hiyo ni Mohdhar, mwanafunzi wako. Muulize yeye, kisha utulie.

Na usirudishe kahawa ya Bi Saada. Mwanamke mzima yule, unamtia aibu.

Nakuuliza na mimi. Siku ile pwani ulituambia: tangulieni, nakuja na mashua ya nyuma. Hapa nilikuwekea mkeka mpaka watu wakaukalia. Mashua gani hiyo, kaka?

Dadako Tima.


Ngumi, 2 Agosti 1992

Kwako Tima.

Salamu nyingi. Sisi wazima. Bi Saada ameumwa tumbo, amepona, amerudi kusema. Hapa walikuja tena wenye bunduki, vijana watupu, wakubwa wao hata ndevu hazijakaa sawa. Mmoja akasimama mbele ya msikiti akasema kwa Kisomali chake kwamba wamekuja kusafisha visiwa. Nikamwambia kwa Kisomali kilicho bora kuliko chake: kusafisha nini, hapa nimekwisha safisha mimi, toka kwanza na viatu vyako. Wenzake wakacheka. Yeye hakucheka. Wakachukua mabati ya nyumba ya jirani yetu Shee mdogo na redio, wakaondoka. Bi Saada anasema sikusema hivyo, anasema nilikuwa nyuma ya birika la msikiti. Bi Saada haoni mbali.

Lakini nimelifikiria neno lile. Mimi nikisema nimemsafisha mtu, yule mtu ninamrudisha kwao ananukia kafuri, watu wake wanambusu. Hawa wakisema wamesafisha mahali hawaachi hata wa kubusiwa. Neno moja, mdomo mmoja, na kazi haifanani hata kidogo. Tangu hapo mtu akinitajia usafi namwangalia mikono.

Sasa jambo letu. Mohdhar nimemuuliza. Nilimkalisha juu ya jiwe langu la kukoshea, makusudi.

Nikamwambia, "Ulimkosha mwanangu?"

"Nilifanya kazi yangu, maalimu."

"Kwa maji au kwa vumbi?"

"Maalimu, wewe ulinifundisha nini? Hukunambia mkoshaji akitoka ndani hasemi alichokiona, hata kwa mama wa maiti?"

"Sikuulizi ulichokiona. Nauliza ulichommwagia."

"Ni mamoja."

"Mwanakharamu wewe."

"Ahsante, maalimu. Kahawa ipo?"

Unaona? Nimemfundisha adabu ya kazi, sasa anajifunika nayo. Nimepiga makofi ya hasira peke yangu mpaka kuku wakakimbia.

Na lipo jambo jingine, Tima, na hili usilikwepe kwa habari za ndoo. Mvuvi mmoja wa Burgao alipita hapa kununua kamba. Hajui mimi ni nani wala sikumwambia. Ananiambia kwamba mwezi wa nne, baada ya mashua ya watu wa Ngumi kwisha kupita, alikuwapo pale ufukweni kijana wa kwetu, mrefu, bega la kulia limeshuka, amekaa mlangoni pa kibanda anakula muhogo. Mzima. Anazungumza na watu. Bega la kulia limeshuka! Nani mwingine? Lile bega mimi nililivunja kwa kumwangusha kutoka juu ya mnazi akiwa mdogo, nalijua kuliko langu.

Wewe umesema mlipopita Burgao alikuwa ana homa, akafa mashuani. Huyu aliyekuwa akila muhogo pale baada yenu ni maiti?

Basi mimi nimejua. Mwanangu yu hai na mmemficha. Ama kaoa mwanamke mwingine na mnaona haya, ama kapata njia ya Ulaya na hataki baba mzee amfuate. Mwambie sina haja ya Ulaya yake. Na Rukia mwambie eda ya mume aliye hai si eda, ni kukaa nyuma ya kanga tu. Asioge maji ya kutoka edani. Yale maji yakimpita mwilini ameshakubali kwamba ni mjane, na mimi baba wa mumewe sikubali. Nimekataa.

Habari za mashua ya nyuma ni ndefu. Kulikuwa na mambo.

Bakri Shee.


Ngumi, 6 Septemba 1992

Tima,

Salamu. Barua yangu hukuijibu. Mohdhar amekuja mara mbili mikono mitupu, nikamuuliza, akasema dada yako hana kalamu. Kambi nzima haina kalamu?

Nimesimama Ijumaa baada ya sala nikawaambia watu wa Ngumi waliobaki kwamba Abdulrazaq yu hai na mtu asimwombee rehema ya maiti. Walinyamaza wote. Wakaangalia chini. Wamejua kwamba Bakri Shee katika habari za maiti hajakosea hata siku moja, ndio maana walinyamaza.

Nijibu. La sivyo nakuja huko mwenyewe niiinue ile kanga nione nani yuko nyuma yake.

Bakri.


Mombasa, 25 Septemba 1992

Kaka Bakri,

Sina habari za nyumbani leo ila moja. Siku ya Rukia kutoka edani tulimchemshia maji. Nikatia mkono nikaona yamekuwa ya vuguvugu mazuri. Nguo mpya tulimshonea, wanawake wa kwetu wote walikuwapo. Rukia akaja, akaitazama ndoo, akasema siogi. Barua yako niliificha, kumbe ameisoma. Kasema: baba mkwe ameandika mume wangu yu hai, na baba mkwe hajakosea maiti hata siku moja. Akajifunga kanga yake chafu akatoka nje ya kambi. Tangu siku hiyo kila kukicha yuko njiani, Majengo, Kibokoni, bandarini, anaangalia mabega ya wanaume. Wanamtukana. Juzi mmoja alimsukuma mferejini. Amerudi amelowa maji machafu, na hata hayo hakutaka nimuoshe.

Nilitaka nisikuandikie kabisa. Kalamu ilikuwapo. Lakini sasa nakuandikia, kwa ajili yake yeye wala si kwa ajili yako.

Yule mvuvi wako hakukosea. Abdulrazaq alikuwa Burgao na alikuwa mzima. Tuliteremka pale kuchota maji ya kunywa. Bahari ilipojaa akasema, "Nyinyi endeleeni, mimi nabaki. Baba anakuja na mashua ya nyuma, na macho yake hayaoni tena pale penye miamba. Nitampokea." Tukamwambia twende, baba yako atajua njia. Mkewe akamshika nguo. Akasema, "Baba kasema anakuja. Akinikosa hapa atadhani tumemtupa." Tukamwachia mkeka mmoja, muhogo na kopo la maji. Alipata kibanda cha wavuvi kilichokuwa kitupu.

Mohdhar alitufikisha huku, akarudi kuwachukua nyinyi wawili, wewe na mwanao. Aliwahiwa. Watu wenye bunduki walikuwa wamekuja kwa magari kwa njia ya bara, wakachoma vibanda vyote vya ufukweni, na waliokuwamo hawakuwaambia watoke.

Mohdhar alikuwa peke yake. Alichota maji apate kumkosha mwanao, kwa sababu ndivyo ulivyomfundisha. Akamwaga kata moja, akaacha. Mengine hakunambia na mimi sikumuuliza. Akamtayamamisha, akamfunika kwa tanga, akamsalia yeye na wavuvi wawili waliotokea baadaye, akamzika juu kidogo ya mstari wa maji.

Uliniuliza kwa kejeli vumbi tulilitoa wapi. Alilitoa mlangoni pa kile kibanda, pale Abdulrazaq alipokuwa akikaa mchana kutwa akitazama upande wa Ngumi. Palikuwa pamechimbika kwa kukaliwa.

Sote tulikubaliana tukwambie homa na bahari. Rukia ndiye aliyekuwa wa kwanza kusema, mzee asijue. Mimi nikachagua bahari kwa sababu baharini hakuna kaburi la kwenda kusimama. Tayamamu nililiandika kwa sababu ndilo neno Mohdhar alilonipa, na katika uongo wote ule hilo moja sikuweza kulibadilisha. Na wewe, bingwa, ndilo ulilolikataa.

Rukia anajua yote haya. Alimsikia Mohdhar akinieleza, alikuwa amekaa hapa. Lakini hakuona maiti, na wewe umemwandikia kwa herufi zako. Kati ya macho ya Mohdhar na mdomo wako amechagua mdomo wako.

Mashua ya nyuma ilikuwapo, kaka? Nijibu hilo au usijibu. Lakini yeye mjibu.

Tima.


Ngumi, 17 Oktoba 1992

Kwako Tima binti Shee.

Salamu kwako na kwa waliokuwapo.

Barua yako nimeisoma mara moja. Mara moja ilitosha.

Mashua haikuwapo. Niliangalia mkiondoka, nikaenda nyumbani nikalala.

Ijumaa nilisimama tena. Niliwaambia Abdulrazaq amekufa, alikufa mwezi wa nne, amezikwa Burgao. Mzee mmoja wa mwisho wa safu akasema, "Tunajua, maalimu." Nikauliza nani anajua. Wakasema wote. Kisiwa kizima kilikuwa kinajua tangu Mohdhar aliporudi mara ya kwanza, na ile Ijumaa nyingine walinyamaza kwa kunihurumia mimi. Nilitoka nikiwa na hasira nao, nimefika kizingitini nikakosa wa kumtukana. Bi Saada alikuwa hapo nje na buli la kahawa. Sikumwambia rudi nayo. Nilikunywa, akanimiminia tena, akasema, "Moto huo, pole pole." Hakusema jingine mpaka usiku, na kwa Bi Saada hiyo ni miujiza.

Mohdhar nilimwita. Nikamwambia kaa. Akasema juu ya lile jiwe hakai tena. Basi tukakaa chini. Sikumuuliza alichokiona. Nilimuuliza vumbi alilipiga mara ngapi, uso kwanza au mikono kwanza, nia aliitia vipi, na ile kata moja ya maji aliimwaga upande gani. Akajibu. Alifanya sawasawa, Tima. Hakuna alipokosea. Mimi mwenyewe nisingeweza kufanya vizuri zaidi, na unajua neno hilo sijapata kulisema juu ya mtu. Kata yangu ya kukoshea, ile ya kifuu aliyoniachia baba, nimempa. Alikataa. Nimemwambia achukue au nitaivunja juu ya kichwa chake.

Sasa Rukia. Msomee haya kwa sauti, asome na yeye mwenyewe aone ni mkono wangu:

Mwanangu Rukia, mumeo amekufa. Mimi Bakri Shee nimekosea. Eda yako ilikuwa eda, tangu siku ya kwanza, hakuna iliyopotea. Chemsha maji. Anza na kichwa, mimina upande wa kulia, kisha wa kushoto, usiache pahala pakavu, hata nyuma ya sikio. Tima akushikie kanga. Ukimaliza vaa ile nguo mpya na ujifukize udi. Usimtafute tena njiani. Ukiolewa nitakuja kula pilau.

Neno la kukosea nimekwisha liandika, Tima, lipo hapo juu, usinitake niliandike mara ya pili.

Mohdhar anangojea maji yajae na ananiita kama mtoto. Tutateremka Burgao. Anijulishe pahala, nikae kidogo pale mlangoni kama mlango upo, kisha tutaendelea. Nyumba nimemwachia Bi Saada. Anasema sitafika mbali, nitarudi kuitafuta kahawa yake. Anasema hivyo huku ananifungia muhogo wa safari.

Tandika ule mkeka. Nakuja na mashua ya nyuma.

Bakri.